Kuku wa Kesi

Maji yalikuwa yameshapata moto wa jua ndani ya ndoo, na Kabula bado amesimama nje ya stoo ya ofisi ya kata ya Mlimbo, akisikiliza kuku wake. Kuku wa mayai akizidiwa na joto hapigi kelele. Huachama mdomo, hutanua mabawa, basi.

"Niwasukumie tu mlangoni," alimwambia Cletus, mgambo mwenye ufunguo. "Ndani siingii."

"Mama, kielelezo hakiguswi. Mimi nitaonekanaje?"

"Kwani kielelezo hakina kiu?"

Cletus akautia ufunguo mfukoni.

Kabula alijenga banda lake la kuku wakati upande ule wa Mpanda, njia ya kwenda Katumba, ulikuwa miyombo na mashamba ya mahindi. Aliuza ng'ombe alioachiwa na marehemu mumewe, wale waliowaswaga pamoja kutoka Usukumani, akaingia kwenye kuku. Halafu halmashauri ikapima viwanja, ikaviuza mpaka ukutani kwake. Nyumba zikaota. Moja ilikuwa ya Bwana Ubaldo, afisa afya. Kabula alipokwenda kuomba kibali kipya cha kufuga, ni Ubaldo huyohuyo aliyemjibu kwamba banda liko karibu mno na makazi ya watu, na litavunjwa.

"Makazi ndiyo yamenifuata, bwana afya."

"Sheria haiulizi nani alianza, mama."

Akaenda mahakamani. Dorice, wakili wa msaada wa kisheria, alimsemea vizuri, na hakimu akatoa zuio: banda lisivunjwe mpaka kesi isikilizwe. Kabula alirudi nyumbani akiimba.

Kesho yake likaja gari la halmashauri, na Ubaldo, na mgambo, na matenga. Alikimbia kuwawahi, karatasi ya mahakama mkononi, kandambili moja ikabaki kwenye tope.

Ubaldo aliisoma taratibu mpaka chini, akamrudishia.

"Hapa wamesema tusivunje banda. Unamwona mtu ameshika nyundo?"

Mgambo wakacheka. Kuku walishikwa miguu, wakatupiwa kwenye matenga kama mihogo. Wanakwenda kuwa ushahidi, alisema Ubaldo, kwamba mama huyu anafuga bila kibali.

Siku ya kesi karani alitoka nje akatangaza kuwa hakimu yuko mafunzoni Dodoma. Kesi itatajwa mwezi ujao.

"Na kuku watakula nini mpaka mwezi ujao?" Kabula aliuliza.

"Suala hilo halijaletwa mbele ya mahakama."

Dorice aliandika maombi ya haraka. Hakukuwa na wa kuyasikiliza.

Kabula aliendelea kwenda pale stoo, na pumba, na maji, na maneno ya kubembeleza, na kila alipokwenda alirudi navyo vyote. Sauti za ndani zikapungua. Harufu ikaanza. Ndipo Ubaldo alipomwita, leso puani.

"Mama, mali yako inahatarisha afya ya umma. Izike leo, la sivyo nakufungulia kesi nyingine."

"Si mlisema ni kielelezo?"

"Waliokufa ni wako."

Alichimba shimo nyuma ya choo cha ofisi. Watu waliokuja kufuata barua za utambulisho walimpisha, wameziba pua. Alibeba mizoga kwa beseni, akarudi, akabeba tena. Machozi hayakutoka, alikuwa na kazi. Kwenye kona ya mwisho, chini ya wenzake, mkono wake ukagusa kitu kinachotetemeka. Kuku mmoja, macho yameingia utando, alikuwa bado anapumua. Kabula alimfuta uso kwa kidole. Akamfunika kwa kitenge kifuani, akainuka.

"Huyo mbona humziki?" Ubaldo aliuliza kutoka mlangoni.

"Mzima huyu, bwana afya."

"Mzima?" Alisogea, akachungulia ndani ya kitenge, akahakikisha. "Basi mrudishe ndani. Aliye hai ni kielelezo."

Kabula hakusogea. Chini ya kitenge moyo wa kuku ulikuwa unakwenda mbio, ukimgonga kifuani. Cletus aliushikilia mlango wazi, macho chini, akimsubiri apite.