Pasipoti Ndani ya Katoni ya Jinzi

Aliyeificha pasipoti ya Jovin ni mama yake mzazi, Bibiana, na hakuificha kwa ubaya. Nanyi mnaokwenda Guangzhou na watoto wenu kununua mzigo, sikilizeni hii mpaka mwisho, maana Bibiana naye alidhani anajua.

Mwaka ule wa 2009 polisi walikuwa wamechachamaa. Walisimama chini ya daraja la waenda kwa miguu pale barabara ya Huanshi, wakafika mpaka kwenye lifti za majengo wanakolala wafanyabiashara. Ukipita, mkono unanyooshwa: pasipoti. Kopi hawataki. Kama huna, unapanda gari lao.

Na Jovin, kijana wa miaka ishirini na miwili, badala ya kutulia chumbani, akaenda kujiunga na timu ya mpira. Tena si mpira tunaoujua sisi. Ni ule wa Kimarekani, wenye umbo la papai, unaokumbatiwa kifuani huku watu wenye helmeti wanagongana kama mabeberu. Tajiri mmoja wa Kichina mwenye kiwanda cha vitambaa ndiye aliyeianzisha timu hiyo, akaiingiza kwenye ligi kwa mara ya kwanza, na wachezaji akawapa posho kila mechi.

"Ni timu ya kulipwa, Mama," Jovin alisema, akionyesha bahasha yake ya kwanza kama mtoto aliyeleta ripoti ya shule.

"Na polisi wakikuuliza unalipwa kwa kazi gani, wakati viza yako ni ya biashara?"

"Mama, tumefungwa mechi nne mfululizo. Nani atashuku kwamba ile ni kazi?"

Bibiana alicheka bila kutaka. Kila Jumapili alimkanda mabega kwa maji ya moto na chumvi, huku akimgombeza, na kijana akisinzia palepale kitini mama alipunguza sauti lakini kugombeza hakuacha.

Kisha wakaanza kushinda. Wakashinda mara nne, na ikabaki mechi moja, ya Jumamosi saa nane mchana. Wakiipata hiyo, wanaingia fainali. Wiki hiyohiyo polisi walichukua vijana wawili ghorofa ya chini. Bibiana hakuweza tena kula. Ijumaa, Jovin akiwa bafuni, aliitoa pasipoti kwenye koti lake. Bila hii hatathubutu kutoka, alijiambia. Akaichomeka kati ya jinzi za kike alizonunua soko la Zhanqian, ndani ya katoni ambayo hakuifunga, kwa sababu Jovin alichukia kufungasha na asingegusa humo.

Asubuhi ya Jumamosi alikwenda Kangle, mtaa wa washonaji, kufuatilia magauni kwa fundi. Hakuwa amefika nusu ya uchochoro simu ikalia.

"Mama, nimeshikwa Huanshi. Wananipeleka kituoni." Sauti ya Jovin ilikuwa ya chini, ya heshima. "Najua pasipoti unayo wewe. Njoo nayo tu, sijakasirika."

"Nakuja, baba. Nakuja sasa hivi."

Alipofungua mlango wa chumba, sakafu ilikuwa nyeupe, imefagiliwa. Katoni zote hazipo. Odilia, mwenzake wa chumba, alikuwa anakunywa chai kwa raha zake.

"Watu wa mizigo walipita mapema, shoga. Nikaona sita hujafunga, nikakupigia selotepu, nikakuandikia na alama yako. Pumzika leo."

Jamani, angemlaumu nani? Wote waliowahi kufungasha mzigo chumba kimoja wanafanyiana hivyo.

Kule godauni la wasafirisha mizigo, alikofika saa saba ikikaribia, kontena lilikuwa limejaa zaidi ya nusu, na dereva wa lori anangoja. Laoban, yaani bosi wa pale, alitikisa mkono. "Mei you," alisema, hakuna, hakuna kutoa. Bibiana akakaa juu ya ndoo. Akampigia Kamande, Mkenya aliyecheza na mwanawe, ili tu awaambie wasimsubiri Jovin. Kamande akauliza alipo, naye akaeleza yote, hata la kuficha.

Baada ya nusu saa gari likasimama, wakateremka wanaume kumi, Wakenya, Wachina, Mkongo mmoja, wote wameshavaa vya mechi, mabega mapana kama makabati.

"Laoban, tunatoa sisi, tunarudisha sisi," Kamande alisema. "Wewe kunywa chai." Akamgeukia mama wa Jovin. "Mathe, shuka kwa hiyo ndoo, utavunjika."

Laoban akasogea kando, wakajipanga mstari, katoni zikapita mkono kwa mkono. Mchina mmoja kijana alitazama saa.

"Saa achana nayo, bro. Angalia boksi," Kamande alimwambia.

Katika katoni ya tano kati ya zile sita alizofunga Odilia, pasipoti ikateleza, ikaanguka chini. Bibiana aliiokota, ndipo naye akaona saa. Saa tisa ilikuwa imekaribia.

"Mechi je?"

"Ilikuwa saa nane, Mathe." Kamande alikuwa ameshabeba katoni ya kurudisha. "Uwanjani walibaki tisa, na sheria inataka kumi na mmoja. Wapinzani wamepewa ushindi. Kimbia kituoni."

Alikimbia. Polisi walitazama picha, wakatazama viza, wakamwachia. Jovin alitoka na begi lake la helmeti, midomo imekauka, na neno la kwanza lilikuwa, "Tumeshinda?"

Bibiana angeweza kusema hajui. Akamwambia yote, katoni, godauni, wale kumi, mpaka sheria ya kumi na mmoja. Kijana alisikiliza akiangalia barabara. Walitembea mwendo mrefu, mama akihesabu hatua ili asilie.

"Kamande alibeba katoni?" Jovin aliuliza mwishoni. "Yule mvivu?"

"Zote zilipita mikononi mwake, zaidi ya mia mbili."

Jovin alicheka kidogo, macho yamejaa maji. "Njaa inaniuma, Mama."

Wakaingia kwa muuza tambi. Kabla chakula hakijaja, Bibiana aliitoa pasipoti kwenye sidiria yake, ikiwa na joto bado, akaiweka mezani mbele ya mwanawe. Jovin akaitia mfuko wa koti. Mfuko haukufungwa. Mama aliiona ile zipu imeachama, akauzuia mdomo wake usiseme, akamsogezea pilipili.