Jina la Incoronata Ukutani

Katika ukumbi wa parokia walikuwa kwenye mazoezi ya ule mchezo wa zamani, wa vijana wawili wanaopendana huku koo zao zinachinjana. Savino, mgane mwenye magoti mabovu na ulimi mzima, alipewa nafasi ya padri anayemnywesha msichana dawa ya usingizi ili adhaniwe amekufa. Mvulana anafikiwa na habari za msiba, za dawa hazimfikii, basi anakunywa sumu pembeni ya mtu aliyelala tu.

"Huyu kijana bwege," Savino akasema, kama kila Alhamisi. "Si aulize kwanza?"

"Mzee, wewe ni padri," akajibu Mwalimu Ersilia, aliyekuwa akiwaongoza. "Kazi yako ni kuchelewa. Chelewa vizuri, mengine tuachie."

Wakacheka, naye akacheka. Ujana wake aliumalizia kwenye migodi ya Ubelgiji. Utani wa mwalimu usingeweza kumwumiza.

Jumamosi asubuhi akapita kwenye ukuta wa matangazo ya vifo. Watu wa mji ule huanzia pale kabla ya kahawa, kuhakikisha hawamo. Karatasi mpya yenye ukingo mweusi ilikuwa bado inachuruzika gundi: Incoronata Telesca, mazishi leo alasiri.

Hakusoma zaidi. Kahawa aliinywa asijue kama ameitia sukari. Akanyoa, akavaa suti aliyomzikia mkewe. Alingoja kilio kama mtu anayengoja chafya, hakikuja.

Kabla ya Ubelgiji, yeye na Incoronata walikuwa wakikutana kwenye mizeituni, kwa kificho, maana baba zao walishatoleana visu kwa ajili ya mpaka wa shamba. Halafu mama yake Savino akamwambia kwamba yule binti amekubali posa ya mtu wa Torino, mji wa mbali kaskazini. Savino akafunga sanduku lake, akaondoka.

Kanisani jeneza lilikuwa limeshafunikwa. Akapanga foleni ya kuwapa wafiwa pole, akafika benchi la mbele, akanyoosha mkono. Aliyeupokea alikuwa Incoronata.

"Savino. Una uso kama maiti ni wewe."

"Nimesoma jina lako ukutani."

"La binamu yangu. Wajukuu wote wa kike tulipewa jina la bibi, umesahau? Yeye ndiye Incoronata wa Kinuni, wa wale wenye kinu, wameandika pale chini. Hukusoma?"

"Sikusoma."

"Wala hukumuuliza mtu?"

"Sikuuliza."

Nyuma yake mama mmoja akakohoa. "Mzee, toa pole usogee. Wengine tumeacha mchuzi jikoni."

Baada ya mazishi Savino alisimama nje ya geti la makaburi akingoja furaha. Nayo haikuja. Incoronata alikuwa anarudi Torino kwa basi la jioni, na ndugu walishaanza kumuaga. Akienda bila kuulizwa, Savino atazikwa na neno la mama yake. Akapenya katikati ya ndugu.

"Ule mwaka nilioondoka, niliambiwa umekubali posa. Ulikubali?"

"Posa gani? Marehemu mume wangu nilimkuta kiwandani, miaka baadaye. Wewe ndiye uliyeondoka kimya. Nikaambiwa umepata Mbelgiji."

"Nani alikwambia?"

"Mama yako. Tena alikuwa analia, maskini, ananipangusa machozi na mimi. Angefaa jukwaani."

"Ukaamini?"

"We uliamini peke yako?"

Savino akatikisa kichwa. Kumbe yule kijana wa mchezoni hakuwa bwege. Habari aliletewa na mtu wake mwenyewe, basi. Alimwelewa kabisa, bila kumhurumia, wala kujihurumia yeye mwenyewe.

Incoronata akamkabidhi mkoba wake. "Nibebee mpaka kituoni. Na usikimbie, siyo Ubelgiji hapa."

Wakashuka barabara polepole.

"Siku ukisikia tena nimekufa?"

"Nitakupigia simu nikuulize."

"Uliza kwa sauti, basi. Sikio hili la kulia limeshajistaafia."

Incoronata akacheka. Savino akahamishia mkoba mkono wa pili, maana wa kwanza ulikuwa umekufa ganzi, na huu nao hakuwa na hakika kama utafika kituoni.