Panya Asiyekufa

Mama wa Mapokezi alikuwa na gego bovu, chini upande wa kulia, na alikuwa amekaa nalo miaka minne. Lisingekuwa jambo la ajabu kama angekuwa anauza vitambaa au anafundisha hesabu. Lakini yeye alifanya kazi kwa daktari wa meno. Kiti cha kung'olea kilikuwa nyuma ya ukuta wake, alikipita kila siku akipeleka mafaili, na hata siku moja hakuwahi kukikalia. Alitafunia kushoto, alimeza vidonge vyake chooni kwa siri, na barakoa aliivaa kutwa nzima, jambo ambalo daktari alilisifu mbele ya wageni kama mfano wa usafi kazini.

Alikuwa anaogopa. Tuseme hivyo hivyo, bila kuzungusha maneno. Mtu aliyekaa nje ya mlango ule miaka tisa anaijua sauti ya kila chombo, na anajua kwamba wanaolia kuliko wote ni wanaume wenye ndevu, hasa wale wanaoingia wakipiga soga. Kwa ujuzi wote huo alikata shauri kwamba kinywa chake hakimhusu mtu.

Kazi yake ilikuwa kuwaingiza wengine, na hapo hakuwa na mpinzani, hasa kwa watoto. Siri yake ilikuwa mashine ya gemu, ndogo kama kipande cha sabuni ya kufulia, iliyoundwa kwa mfano wa zile za zamani ambazo wazazi wa watoto hawa walizichezea utotoni. Ilikuja na magemu ishirini ndani yake, hayaongezeki wala hayapungui, ikachomekwa kwenye televisheni ya chumba cha kusubiria. Katika hayo ishirini watoto walipenda moja tu, la panya mwenye buti anayeruka mashimo. Panya alikuwa na roho tatu. Mtoto wa kawaida huzimaliza roho tatu kwa dakika nne. Na sheria ya Mama wa Mapokezi ilikuwa kwamba roho zikiisha, unaingia kwa daktari.

Hakuna aliyebisha. Mzazi akisema "twende", mtoto hushika mguu wa kiti akagoma. Daktari akichungulia na tabasamu lake, mtoto hupiga ukelele unaosikika mtaa wa pili. Ila panya akifa mara ya tatu na skrini ikawa nyeusi, mtoto aliteremka mwenyewe, kichwa chini, akaingia. Ameshindwa kihalali, na panya hana sikio la kubembelezwa.

Basi mambo yalikwenda vizuri kwa miaka miwili, mpaka daktari alipokwenda semina. Daktari alikuwa mtu mwema, na watu wema ni hatari wakitoka semina. Siku mbili za huduma kwa mteja zilimrudisha na mkoba mpya, kalamu mbili na wazo moja.

"Dada," alimwambia Mama wa Mapokezi, "mteja anataka uhuru wa kuchagua. Magemu ishirini ni machache. Nimemwita shemeji."

Shemeji huyo, kaka wa mke wa daktari, familia nzima ilimwita Mtaalamu. Jina alilipata siku alipoitengeneza printa ya harusi ya binamu yao kwa kuizima na kuiwasha, na tangu hapo hakuna kifaa cha umeme katika ukoo kilichosalimika. Alifika Jumanne asubuhi, flashi ikining'inia shingoni kama nishani, akaketi sakafuni mbele ya televisheni, akaiunganisha mashine na kompyuta yake.

"Ishirini tu?" aliuliza, kwa sauti ya mtu aliyekuta familia imelala na njaa.

"Yanatosha," alisema Mama wa Mapokezi.

"Mama, siku hizi watu wanaweka elfu tatu."

"Watu gani?"

"Watu," alijibu Mtaalamu, na utafiti ukaishia hapo.

Baada ya saa moja na robo mashine ilikuwa na magemu elfu tatu na mia sita. Mlikuwa na mpira wa miguu ule ule mara kumi na tisa. Mlikuwa na magemu ya karata yenye herufi ambazo hakuna mtu pale angezisoma hata kwa kutishiwa fimbo. Mlikuwa na gemu la kuvua samaki ambamo unakaa kando ya mto na samaki hawaji, kwa wale ambao maisha yenyewe hayajawachosha. Mtaalamu alisimama, akajifuta mikono kama aliyetoka kuchimba kisima.

"Halafu nimewawekea na zawadi," alisema. "Nimefungua roho. Haziishi. Mtoto anacheza mpaka achoke mwenyewe."

Mama wa Mapokezi alihisi gego likigutuka. "Na asipochoka?"

"Ndiyo huduma yenyewe hiyo, mama."

Jumatano mtoto wa kwanza alitumia dakika arobaini kuchagua, akateremsha orodha mpaka chini, akaipandisha mpaka juu, kisha akalia kwa sababu hakujua anataka nini. Wa pili alimpata panya. Panya alitumbukia shimoni, akarudi. Akatumbukia tena, akarudi, mtulivu kama aliyetumwa chumvi dukani. Kufikia mchana daktari alikuwa ametibu watu wawili, wote watu wazima. Alitoka, akatazama chumba kilichojaa watoto waliotulia kimya, akaridhika kabisa.

"Unaona, dada? Hakuna hata mmoja anayelia."

Ilikuwa kweli. Hakuna hata mmoja aliyetibiwa vilevile, lakini upande huo semina haikuugusa.

Mama wa Mapokezi alimpigia simu Mtaalamu. "Rudisha yale ishirini."

"Hayarudi, mama. Niliyafuta nipate nafasi, nikamwacha panya tu."

"Basi huyo panya mpe roho tatu, kama zamani."

"Hapo sasa tunarudi nyuma kimaendeleo," alisema Mtaalamu, kama mtu aliyetukanwa taaluma yake.

Mama wa Mapokezi akajaribu kuchomoa waya. Walilia watoto sita na baba mmoja. Akaurudisha.

Alhamisi shavu lake lilianza kuvimba. Aliipandisha barakoa mpaka karibu na macho, akaongeza kidonge, na usiku akalala ameketi. Kila alipofumba macho gego lilimwamsha, na kila alipokifikiria kile kiti aliona afadhali gego. Hivyo ndivyo mtu mwenye akili timamu anavyoweza kujipangia maisha.

Ijumaa akaja Kamanda.

Kamanda alikuwa msichana wa miaka saba, na jina hilo alipewa na Mama wa Mapokezi kwa heshima zote, maana katika kliniki ile yeye peke yake ndiye aliyewahi kuivunja sheria. Mara ya kwanza alitoka mlangoni kabla hajagusa pedi ya kuchezea gemu, mama yake nyuma yake akikimbia na mkoba. Mara ya pili aliingia kwa adabu, akafungua mdomo, akamng'ata daktari kidole, akatoka tena. Sasa shavu lake la kushoto lilikuwa limejaa kama amefichia yai humo. Daktari alikwisha mwambia mama mtu bila kumung'unya maneno. Leo jino litoke, au mtoto apelekwe hospitali kubwa alazwe, maana usaha hauna subira. Macho ya mama yalikuwa mekundu. Katika nyumba ile hakuna aliyelala wiki nzima.

Kamanda alichukua pedi, akaketi, akamtafuta panya. Saa nzima ikapita.

"Mama, twende basi," mama yake alimbembeleza.

"Panya hajafa," alisema Kamanda.

Hakuna aliyeweza kumkosoa. Sheria ni sheria, na panya alikuwa mzima wa afya, ndiye pekee mle ndani asiye na tatizo lolote.

Mama wa Mapokezi alilitazama lile shavu dogo. Alijua kila kinachoendelea ndani yake, mapigo yanayokwenda na moyo, moto unaopanda mpaka sikioni, na alimwonea huruma. Akainuka mezani. Katika magemu elfu tatu na mia sita alitafuta moja la watu wawili, ambalo lazima mmoja ashindwe, roho ziwepo zisiwepo. Akapata la ngumi.

"Tucheze mimi na wewe," alisema kwa sauti, akina mama wote wawe mashahidi. "Anayeshindwa anaingia kwa daktari."

Kamanda alimgeukia. "Yeyote?"

"Yeyote."

"Hata wewe?"

"Hata mimi," alisema, akacheka kicheko cha mtu mzima aliyekwisha piga hesabu zake.

Hesabu zenyewe zilikuwa hivi. Miaka miwili alikuwa ametazama watoto wakicheza, saa nane kwa siku, na mahali fulani njiani akaamini kwamba kutazama ni kujua. Pedi alikuwa hajawahi kuishika, isipokuwa kuipangusa vumbi.

Pambano lilichukua sekunde kumi na nne. Bondia wake alianza kwa kuugeuzia uwanja mgongo, akaishambulia kamba kwa hasira zote. Alibonyeza kila kilichobonyezeka. Bondia wa Kamanda alikuja taratibu kwa nyuma, akamgonga mara mbili, na televisheni ikapiga tarumbeta.

"Mbili katika tatu," alisema Mama wa Mapokezi.

La pili lilichukua sekunde tisa. Baba mmoja kwenye kona alicheka, akakigeuza kicheko kuwa kikohozi.

"Ingia," alisema Kamanda. Hakusema kwa dhihaka. Alisema kama karani anayesoma hukumu.

"Mimi siumwi, mwanangu. Mimi ni mfanyakazi hapa."

Kamanda alisimama juu ya kiti, akanyoosha kidole, akaishusha barakoa. Alitazama kwa makini, kwa jicho la mtu anayeujua ugonjwa wake.

"Limevimba," alisema. "Kama langu. Ila lako ni upande ule."

Mlangoni alikuwa amesimama daktari, glavu mkononi, aliyetoka kuuliza tarumbeta ni ya nini. Miaka tisa alikuwa amefanya kazi na mwanamke huyu na hakuwahi kuuona mdomo wake ukiwa wazi kwa zaidi ya salamu. Alimsogelea, akamwinua kidevu.

"Tangu lini, dada?"

"Juzi," alisema Mama wa Mapokezi.

"Fungua." Akachungulia. "Hili si la juzi."

Mama wa Mapokezi alitazama simu iliyokuwa mezani, akaiomba kimoyomoyo iite. Haikuita. Alitazama mlango wa barabarani. Uliachwa wazi, yeye alikuwa na miaka arobaini na minane na viatu vya bapa, na angeweza kabisa kukimbia. Lakini aliona pia kwamba akitoka kwa mlango ule, Kamanda atatoka nyuma yake, na safari hii atakuwa na haki. Mtoto angelazwa hospitali kwa sababu mtu mzima amekimbia sheria aliyoitunga mwenyewe. Akajishikilia mezani, kisha ukutani, akaingia.

Kamanda alimfuata.

"Watoto hawaruhusiwi humu wakati wa..." alianza daktari.

"Nahakikisha," alisema Kamanda, akasimama kando ya kiti.

Kiti kiliegemezwa nyuma. Taa ikawashwa. Mama wa Mapokezi alianza kulia kabla ya chochote kumgusa, machozi yakimshukia masikioni, na hakuona aibu kwa sababu hofu ilikuwa imekwisha chukua nafasi yote. Alisikia mlio mdogo wa bomba la sindano likiwekwa sahanini, mlio aliokuwa akiusikia kupitia ukutani. Huku ndani ulikuwa mkubwa zaidi. Sindano ya ganzi ikaingia kwenye fizi. Vidole vyake vikang'ang'ania kiti.

"Inauma?" aliuliza Kamanda.

Daktari alifungua mdomo kujibu kwa niaba yake, kama inavyofanyika katika kazi hiyo. Na Mama wa Mapokezi mwenyewe alikuwa na jibu lake tayari. Miaka tisa aliwaambia watu haiumi hata kidogo. Aliwaambia wajawazito na askari, aliwaambia watoto akiwa amewashika bega, na hakuwa na habari.

"Inauma," alisema.

"Sana?"

Alisubiri kidogo ili aseme sawasawa. "Sana. Halafu inapungua." Ulimi ulikuwa umeanza kuwa mzito. "Sasa hivi inapungua. Jana usiku iliniuma zaidi ya hivi."

Kamanda aliinama, akamchungulia usoni kwa muda mrefu, akitafuta mahali alipodanganywa. Hakupaona. Akaligusa shavu lake mwenyewe kwa ncha ya kidole.

"Inachukua muda mrefu?" alimuuliza daktari.

"Dakika chache," alisema daktari.

"Basi baada yake ni mimi," alisema Kamanda. Akaenda kuketi kwenye kistuli cha pembeni, mikono juu ya magoti, akasubiri zamu yake bila gemu lolote.