Kifurushi Kilichozuiwa Posta

Mwandawiro na Loise walikuwa wametimiza miaka minane ya ndoa, na nyumba yao kule Marungu ilikuwa bado na watu wawili tu. Loise alifundisha darasa la kwanza. Mwandawiro alikuwa karani katika stesheni ya reli ya Voi. Hawakulaumiana, lakini mama yake Mwandawiro, kila alipoteremka kutoka milimani kuwatembelea, alimtazama mkamwana wake tumbo kabla ya kumtazama uso.

Mapema mwaka wa 1999, Sufian, mwenye duka la fotokopi karibu na soko la Voi, aliunganisha kompyuta yake na intaneti. Watu walikwenda kuichungulia kama wanavyochungulia gari jipya. Siku moja Mwandawiro aliingia kupiga chapa barua ya kazi, maneno yakafuata maneno, akajikuta amemweleza Sufian jambo ambalo hata ndugu zake hakuwahi kuwaambia.

"Hebu keti, bwana," Sufian alisema. "Humu hamkosekani kitu."

Simu iliyounganishwa na kompyuta ililia mluzi, ikakoroma, kisha picha ikaanza kuteremka pole pole kwenye kioo: mwanamke wa Kizungu amepakata mapacha. Chini yake palitangazwa vidonge vya kusaidia uzazi, na kwa herufi nyekundu paliandikwa kwamba mnunuzi hahitaji kuonana na daktari.

Jioni ile Loise alimsikiliza mumewe hadi mwisho, akiwa anachambua mchicha.

"Anayeviuza ni nani?" aliuliza.

"Kampuni."

"Kampuni ya wapi?"

Mwandawiro hakujua. Loise alimaliza fungu la mchicha, akasema, "Agiza. Nimechoka kungoja mikono mitupu."

Ndugu yake Sufian aliyekuwa akifanya kazi Dubai ndiye aliyelipa kwa kadi yake. Zilipita wiki saba. Hatimaye kikaja kikaratasi kutoka posta: kifurushi kimefika, lakini mwenyewe aonane kwanza na afisa wa forodha.

Afisa huyo aliitwa Elsie, mama mnene mwenye miwani, mtaratibu wa maneno. Kifurushi kilikuwa mbele yake mezani, kimefunguliwa.

"Hii ni dawa ya kuandikiwa na daktari," alisema. "Karatasi ya daktari iko wapi?"

"Nimeinunua kwa kompyuta, madam. Walisema haihitajiki."

"Wao wanasema hivyo. Sheria ya hapa inasema vingine. Bila karatasi, siitoi."

Mwandawiro alijaribu kusihi. Alisema mkewe anangoja. Alisema ni jambo la nyumba, si biashara. Elsie alimwacha amalize, akachomoa kipande kimoja cha vidonge akakifunga ndani ya bahasha.

"Mpeleke mama hospitali. Mwonyesheni mfamasia hiki. Akiniandikia kwamba ni sawa, na daktari akaandika, nitakupa vyote siku hiyo hiyo."

Mwandawiro alitoka amekasirika, akanung'unika njia nzima kwamba watu wenye watoto hawajui njaa ya asiye nao. Hata hivyo Ijumaa iliyofuata Loise aliomba ruhusa shuleni, wakaenda pamoja.

Mfamasia, Tryphena, alikuwa mwanamke kijana mwenye macho makali. Alipokwisha kuwauliza majina na kazi zao, alikigeuza kile kipande mara mbili, akakisogeza dirishani.

"Mwalimu, soma hapa. Wewe ndiwe unayesahihisha watoto."

Loise alisoma jina la dawa kwenye karatasi ya vidonge, kisha akalisoma upande wa pili. Lilikuwa limeandikwa kwa namna mbili tofauti.

"Hata jina lake wameshindwa kuliandika," Tryphena alisema. "Na tarehe ya kuharibika haipo. Huenda ni dawa, huenda ni chokaa, mimi siwezi kujua kwa macho. Na hata ingekuwa dawa yenyewe, hupewa mwanamke baada ya kupimwa. Mmeshapimwa, nyote wawili?"

Walitikisa vichwa. Hawakuwahi.

Akawapeleka kwa Daktari Kitheka, ambaye aliwauliza maswali mengi bila haraka. Alipofika kwenye siku za mwezi, Loise alijibu kwamba zake hazina mpangilio. Kupitisha miezi miwili lilikuwa jambo la kawaida kwake.

"Basi kabla ya kitu chochote, tuanze na mkojo," daktari alisema.

Walikaa kwenye benchi nje ya maabara. Mwandawiro alihesabu vigae vya sakafuni. Walipoitwa tena, daktari alikuwa ameshika karatasi na alionekana kama mtu anayezuia uso wake usimtangulie kusema.

"Dawa ile siwezi kuiandika, mwalimu. Haipewi mwanamke mwenye mimba."

"Mwenye mimba ni nani?" Loise aliuliza.

"Ni wewe."

Loise alicheka kidogo kama mtu aliyetekenywa. Kisha akacheka sana, akafunika uso kwa leso, mabega yakitikisika, hata muuguzi aliyekuwa akipita akasimama mlangoni naye akaanza kucheka bila kujua sababu. Mwandawiro alisimama, akaketi, akasimama tena. Alitaka kusema jambo la maana, likamtoka hili: "Na zile wiki saba nilikuwa naulizia kifurushi kila siku."

"Shukuru kilichelewa," daktari alisema.

Kutoka hospitali walipitia posta, wameshikana mikono, jambo ambalo hawakuwahi kulifanya barabarani. Elsie aliwaona wakiingia akajiandaa kwa ugomvi. Badala yake Mwandawiro aliomba fomu ya kukubali dawa ziteketezwe, akatia sahihi kubwa iliyovuka mstari.

"Ulinizuia, mama," alimwambia. "Mungu akubariki."

Loise alipomnong'oneza habari, Elsie alivua miwani, akazunguka meza na kumkumbatia mbele ya foleni nzima.

Sufian alipoambiwa, alishika kichwa. Kisha akachapa tangazo, akalibandika juu ya kompyuta: hapa barua, picha na habari, dawa ni kwa daktari. Akafunga duka, akawapeleka kula biriani.

Mtoto alizaliwa mwishoni mwa Novemba, asubuhi ya mvua, msichana mwenye sauti ya kusikika mpaka langoni. Walimpa jina la bibi yake, Mghoi, na bibi mwenyewe, mama yake Mwandawiro, alikuwa wodini, akiimba kwa lugha yao ya Kidawida na kuwagawia ndizi za kwao wanawake asiowajua. Muuguzi alimletea Mwandawiro karatasi ya kuandikisha kizazi. Yule karani aliyejaza majina ya abiria na mizigo miaka yote alishika kalamu, akaharibu herufi ya kwanza, akamrudishia muuguzi amwandikie.

"Hapana," Loise alisema kutoka kitandani. "Andika wewe. Hata kwa herufi mbaya."

Akaandika.