Reli ya Kwenda kwa Dada

"Mimi huwa simkumbuki mtu," Chapuchapu alipenda kusema, huku akigongagonga rundo la karatasi mezani ili pembe zikae sawa. "Mtu akiondoka kwangu ni kama kopi iliyotoka kwenye mashine. Ishatoka. Lete inayofuata."

Aliwaambia wateja, akawaambia vijana wa saluni ya jirani, na zaidi alimwambia shangazi yake, mwenye steshenari, ambaye wala hakuwa amemuuliza. Shangazi alikuwa na miguno ya aina tatu. Wa kwanza ni wa kukubali, wa pili wa kukataa, na wa tatu ni ule wa "haya, bwana mkubwa, tumekusikia." Chapuchapu alikuwa akipewa huo wa tatu, kisha Shangazi anaendelea kupanga vyeti vya watu kwenye plastiki za laminesheni kama vile hakuna aliyeongea.

Jina la Chapuchapu alipewa na dada yake, enzi hizo akiwa mtoto asiyejua kutembea, maana alichojua ni kukimbia tu. Atakimbia na kikombe cha chai kutoka jikoni, na chai ifike nusu. Dada ndiye aliyekuwa akipangusa sakafu nyuma yake, na ndiye baadaye aliyemfundisha ule mchezo wa kompyuta wa kujenga na kuishi. Unatupwa kwenye dunia tupu, huna hata kijiko. Unakata miti, unachimba mawe, unajitafutia chakula, na kabla giza halijaingia uwe umeshajibanza ndani ya kuta nne, kwa sababu usiku mazimwi hutoka. Hakuna kushinda wala kumaliza. Ni kama maisha, ila huko mlima ukikataa kukupisha unautoboa.

Chapuchapu alijenga katikati ya dunia yao, karibu na machimbo ya chuma. Dada alichukua shoka lake akatembea mpaka upande wa pili wa ramani, akajenga nyumba ya mbao kando ya ziwa na kutandika zulia la manjano. Alisema hataki jirani wa kugongagonga nyundo. Siku hizo walikuwa wakicheza wamekaa kochi moja, magoti yanagusana, na umbali wa ramani ulikuwa utani mtupu. Ukitaka kumwona dada yako unageuza shingo.

Miezi minane iliyopita Dada alipanda ndege kwenda mbali kufanya kazi kwenye chumba cha kufulia cha hoteli. Kazi yake ni kukunja mashuka, mia nne kwa zamu moja, pembe kwa pembe. Kochi likabaki na mtu mmoja, na ule umbali wa ramani ukaacha kuwa utani.

Walipatana hivi. Alhamisi, wakati wa mapumziko yake, Dada angekaa kwenye benchi la chumba cha kubadilishia nguo, angefungua mchezo kwenye simu, na Chapuchapu angefungua kwenye kompyuta ya steshenari. Dakika ishirini. Kupiga simu mle ndani hakuruhusiwi, wenzake hulala wameegemea makabati, kwa hiyo wangeandikiana tu pembeni ya skrini. Tatizo lilikuwa miguu. Kutoka kwa Chapuchapu hadi kwa Dada ni dakika kumi na mbili za kukimbia, na mtu wa mchezo akikimbia sana njaa humshika, anaanza kujikokota kama aliyenyimwa mshahara. Basi Dada naye hutoka kwake kumlaki, wanakutana katikati, kwenye kilima chenye kibwawa juu, halafu wanaongozana polepole kuelekea ziwani. Mlango wa nyumba ukianza kuonekana, Dada huandika, "Kengele imelia." Anatoweka palepale njiani, kama taa iliyokatiwa umeme.

Kwa miezi minane walikuwa hawajaingia ndani ya nyumba ile pamoja hata mara moja. Chapuchapu alitaka jambo moja tu, na lilikuwa dogo kiasi cha mtu kuona aibu kulisema. Alitaka waketi kwenye zulia la manjano, wafunge mlango, wasiwe wanakwenda popote.

Hakulisema. Alichoandika kwa Dada ni kwamba amechoshwa na kutembea kama mbuzi wa mnada na anatafuta mwendo wa kisasa. Kwanza alifuga farasi. Farasi alikuwa na mbio kweli, ila hakuwa na macho, na wiki ya pili aliruka korongo asiloliweza. Akatengeneza chelezo cha magogo, kumbe mto ulikuwa na mambo yake, ukampeleka kusini akakaa huko siku mbili za mchezo akila uyoga. Dada aliandika, "Wewe na haraka ni baba mmoja mama mmoja, ila hamfiki popote." Chapuchapu akamjibu kwamba yeye anafanya michezo tu, asijidhanie mtu muhimu sana. Nyumba yake yenyewe alishaisahau ilivyo. Siku ikianguka atakwenda kuchukua mbao.

Ndipo alipoamua kujenga reli.

Hakumwambia. Alichimba handaki chini kwa chini, mstari mmoja ulionyooka kutoka machimboni hadi ziwani, ukipita chini ya mito, chini ya misitu, chini ya kile kilima. Kila mteja alipotoka dukani, Chapuchapu alirudi shimoni na sururu. Alichimba chuma, akakiyeyusha, akafua reli, akatundika mienge ukutani kila hatua kumi. Wiki sita. Kuna siku mzee mmoja alileta cheti cha kuzaliwa cha mjukuu, akarudishiwa kopi ya cheti cha kifo cha mtu asiyemjua. Shangazi akatoa mguno wa pili.

Siku aliyopanda kigari kwa mara ya kwanza, ukuta ulipita kama mstari mmoja wa moto, na akafika ziwani kwa dakika mbili. Dakika mbili. Alisimama kutoka kitini akazunguka mashine ya kopi mara moja, kisha akakaa tena.

Jioni hiyohiyo Dada aliandika kwamba anahamishiwa zamu nyingine kuanzia wiki ijayo. Mapumziko yake yataangukia saa ambazo duka limeshafungwa na kompyuta imefunikwa kitambaa. Alhamisi inayokuja ndiyo ya mwisho. Haijulikani hadi lini. Chapuchapu akaandika, "Poa, nitapata muda wa kupumzika na usumbufu wako." Kisha akaiangalia sentensi hiyo kwa muda mrefu sana kwa mtu anayeitwa Chapuchapu.

Alhamisi asubuhi alimpeleka mtu wake nyumbani kwake machimboni, akamvalisha vazi jipya la ngozi, akamtia mkate mfukoni. Alitaka kufika kwa Dada kama mgeni wa heshima. Saa ilipowadia, akaingia mwalimu wa shule ya jirani na mtihani wa kurasa tano, nakala arobaini, zibanwe pini kila moja. Chapuchapu alibana pini kama anayepigana na nyuki. Alipomaliza, Dada alikuwa ameshaingia mchezoni dakika sita zilizopita.

Hakumwandikia neno. Alipanda kigari, akapaa chini ya ardhi, akafika, akaingia ndani na kujificha nyuma ya mlango ili amshtue. Nyumba ilikuwa kimya. Alisubiri. Akachungulia dirishani, akaona ziwa tu.

Ujumbe ukatokea pembeni: "Uko wapi wewe? Nimefika kilimani zamani. Leo nimewahi, hata chakula sijala."

Kosa la mtu aliyezoea kusubiriwa ni kudhani atakuta mtu anamsubiri palepale anapotaka yeye. Dada alitoka kumlaki, kama Alhamisi zote, na fundi wetu wa reli alikuwa amepita chini ya nyayo zake kwa kasi ya ajabu, akiimba.

"Nakuja," akaandika. Bado hakutaka kuiua siri. Akarudi kwenye kigari, akakisimamisha katikati ya handaki pale alipokadiria kilima kipo, akaanza kuchimba kwenda juu. Sasa, wachimbaji wa mchezo ule wana sheria ambayo hata mgeni wa siku moja huambiwa: usichimbe juu ya kichwa chako, hujui nini kimekalia hapo. Chapuchapu aliijua. Lakini dakika zilikuwa zinakwenda, na Dada alikuwa hapo juu, mawe ishirini tu kati yao. Akapiga, akapiga, akapiga. Pigo la mwisho lilitoboa sakafu ya kibwawa.

Maji yalishuka yote. Yalizima mienge, yakabeba kigari, yakajaza handaki la wiki sita huku na huku. Mchezo ukatangaza kwa kila aliyemo: Chapuchapu amekufa maji.

Dada akaandika, "Umezama wapi na wewe? Hapa bwawa lenyewe limekauka ghafla mbele ya macho yangu." Kisha, "Pole. Umeamkia wapi?"

Na hapa lazima lisemwe jambo ambalo Chapuchapu alilificha hata kwa anayemsimulia. Katika mchezo ule ukifa unaamka kwenye kitanda ulicholalia mara ya mwisho. Mtu na akili zake hulala kwake. Skrini ilipopata nuru, Chapuchapu alijikuta amelala chali kitandani, chini ya kitanda zulia la manjano, dirishani ziwa. Kitanda chake mwenyewe kule machimboni kilikuwa hakijaguswa tangu Dada apande ndege.

Akaandika upesi, kabla moyo haujamshauri: "Kwangu. Kwani ningeamkia wapi?"

"Basi kaa hukohuko, usihangaike. Leo nakuja mimi kwako. Nina dakika tisa, nakimbia."

Dada alikuwa anashuka kilima kwa upande wa machimboni, anakimbia na njaa yake kuelekea nyumba isiyo na mtu, na kila hatua ilimweka mbali zaidi na pale alipokuwa. Reli ilikuwa imejaa maji. Kwa miguu hamfikii. Kilichobaki ni maneno matatu, niko kwako rudi, ambayo hata mtoto wa chekechea huyaandika. Aliandika neno la kwanza. Akalifuta. Akiandika hayo ataulizwa, umefikaje huko, umelalaje huko, tangu lini? Aliandika "Subiri", akaifuta nayo. Akaandika kwamba kwake kuna mazimwi leo, asije. Dada akajibu kwamba ni mchana, mazimwi gani ya mchana, na mbona anajiumauma? Dakika nane na nusu.

"Sogea," sauti ikasema nyuma yake.

Shangazi alikuwa amesimama hapo, miwani kwenye ncha ya pua. Hakuna aliyejua kasimama tangu saa ngapi. Chapuchapu alianza kueleza kwamba ni mchezo tu, Shangazi, haya mambo hutayaelewa. Shangazi akamtoa mkono kwenye kibodi kama unavyotoa mkono wa mtoto kwenye sukari.

"Miezi minane nakaa kiti kile pale," alisema, "na skrini yako inanitazama mimi. Kila jioni kabla hatujafunga, unampeleka huyo mtu wako kwenye kanyumba haka, unamlaza. Ulikuwa unamlaza hata kabla hujaanza hilo shimo lako. Kwako kwenyewe sijawahi kukuona umelala. Au nimekosea?"

Chapuchapu alivuta rundo la karatasi. Akaligongagonga mezani, ingawa pembe zilikuwa sawa tayari.

Shangazi alikuwa amekula miaka ishirini kwenye taipureta za ofisi kabla hajafungua duka. Aliandika kwa vidole vyote kumi, bila kutazama chini, macho yake yamemkazia mpwa wake:

"Mimi shangazi yenu. Usiende huko, hayupo. Yuko ndani ya nyumba yako, kitandani kwako, na hulala hapo kila siku tangu uondoke. Anasema hamkumbuki mtu."

Akabonyeza kitufe, ujumbe ukaenda.

Mashine ya kopi ilikuwa inapoa, ikitoa vile vimlio vyake. Kisha maandishi yakaja, moja baada ya jingine.

"Shikamoo Shangazi."

"Mwambie asitoke."

"Nageuka."

Shangazi akaandika marahaba, akajiondoa, akarudi kwenye vyeti vyake. Chapuchapu alimwinua mtu wake kitandani, akamketisha kwenye zulia, uso kuelekea mlangoni. Saa ya ukutani ilisema zimebaki dakika saba na nusu, na kutoka alipogeukia Dada ni kama sita na nusu, pengine saba kwa mtu ambaye hajala.

"Shangazi," alisema bila kugeuka, kwa sauti aliyojitahidi iwe ya kawaida, "ni vumbi la karatasi tu hili. Linaingia machoni."

"Ndiyo," Shangazi akasema. "Jipanguse hilo vumbi basi, kuna mteja mlangoni anakutazama."