Msamaha wa Bangili

Sabaha alikuwa amechoka, tena si uchovu wa kulala ukaamka umekwisha. Njoo Jumatatu, shahidi hajafika, hakimu anaumwa, njoo tena: jamani, hata asiyeiba angekiri ili akapumzike! Yeye hakukiri. Ana mabinti, na kwao Newala mama akiitwa mwizi, jina linarithiwa.

Kisa chenyewe bangili. Bi Azza, mwenye duka la kanga Kariakoo aliyemwajiri tangu usichana, huivua kila adhuhuri akitawadha. Siku hiyo alipomaliza kuswali, bangili haipo, na dukani walikuwa wawili tu. Akapiga kelele, mtaa ukajaa. Sabaha akatolewa nje kashikwa mkono na polisi, watu wakimzomea.

Leo Bi Azza kaja mahakamani na neno jipya.

"Mheshimiwa, nimemsamehe. Naomba tupatane yaishe."

Hakimu hakuficha furaha yake, maana mafaili yalikuwa yamemfika kidevuni. "Shauri dogo hili, sheria inaruhusu mpatane. Mshtakiwa, umesikia? Mshukuru Mungu, uweke sahihi."

Nyuma, Bakili, mume wa Sabaha, kuli wa bandarini aliyekosa vibarua vingi kwa kumsindikiza, akamwashiria kwa macho: kubali tuondoke. Sabaha alimwonea huruma. Alijionea huruma hata yeye mwenyewe.

"Nisamehewe nini, mheshimiwa? Anayesamehewa si kakosa?"

"Mama, unapewa bure unakataa?" hakimu akashangaa.

"Yaliyopita si ndwele, mwanangu," Bi Azza akadakia. "Yaishe."

Sabaha akamtazama. Tangu asubuhi Bi Azza hajamwangalia usoni. Hata shikamoo kaiitikia macho yakiwa sakafuni. Na huyu ndiye Bi Azza ambaye ukimkosea leo, mwakani atakukumbusha hata ulivaa nini! Kusamehe bila kuombwa kaanza lini?

"Haya, nitaweka sahihi," akasema. "Ila kama umenisamehe kweli, nirudishe kazini. Na ufunguo wa duka nishike mimi, kama zamani."

"Ah, nani kakukataza?" Bi Azza akapekua pochi haraka haraka, akauweka ufunguo mezani.

Hakimu akautazama ule ufunguo. Akamtazama Bi Azza. Akaweka kalamu chini.

"Bi Azza, mwizi wako unamkabidhi duka?"

Bi Azza akauvuta ufunguo kwake.

"Bangili umeiona?"

Bi Azza akaanza kulia. "Niliiweka juu ya kanga, nikazikunja nayo mwenyewe. Juzi mteja kafunua doti, ikaanguka. Nikaona haya, mheshimiwa. Mtaa mzima ulinisikia nikimwita mwizi. Uzee huu, nitawaambia nini?"

Sabaha alidhani siku hii ikifika atapiga vigelegele. Wapi! Alitamani kukaa chini tu. Hakimu alimkaripia Bi Azza mpaka akachoka, akaifuta kesi, akaita faili jingine.

"Nisamehe, mwanangu," Bi Azza akamwambia mlangoni, akimnyooshea ufunguo. "Chukua."

Sabaha hakuugusa. "Sikuitiwa mwizi hapa mimi. Twende kule mtaani."

Wakaenda kwa miguu, Bakili nyuma yao, jua la Mnazi Mmoja likiwachoma utosini. Miguu ya Bi Azza ilikuwa imevimba, ikabidi Sabaha amshike mkono. Alikuwa na hasira naye, hasira hasa, lakini hakuweza kumwacha bibi wa watu aanguke barabarani.

Kwenye duka la kwanza la mtaa wao, Azzan, muuza mabegi, akawaona wameshikana.

"Bi Azza! Afadhali, mmepatana?"

Bi Azza akamgeukia Sabaha, macho yanaomba. Neno "ndiyo" lingetosha, na wote wangekwenda kupumzika. Sabaha akatazama mbele, mkono hakuuachia.

"Hatukupatana," Bi Azza akasema kwa sauti ya chini. Kisha akaipandisha mpaka wasukuma mikokoteni wakasimama. "Hakuiba! Mimi ndiye niliyemsingizia."

Azzan akabaki mdomo wazi. Sabaha akajifuta macho kwa ncha ya mtandio, akamvuta bibi taratibu.

"Haya, Bi Azza," akasema. "Duka la pili."