Milimita Nane

Kila Alhamisi, ikifika saa tisa alasiri, Roselyne huwa ameshafagia maganda ya risasi, amebadilisha karatasi za shabaha katika njia zote sita, na amepanga mezani vizibo vya masikio vya kuvaa kichwani. Saa tisa na robo huingia akina mama. Klabu ya kulenga shabaha imewatengea siku yao, yenye kahawa na tende, na kwa ajili ya siku hiyo ililetwa bastola mpya: ndogo, bapa, ya kufichwa kiunoni bila nguo kufura. Kiwanda kilikuwa kimeitoa kwanza kwa risasi kubwa, kisha kikaitoa tena kwa risasi ndogo, ili viganja laini visiumie. Haikuwa na teke la kumrudi mpigaji. Wafanyakazi waliiita Mpole, na akina mama waliigombania.

Ilipofyatuliwa mara ya kwanza, katika njia ya nne, Austine alitokea nyuma ya karatasi ya shabaha akijikung'uta vumbi la saruji. Alikuwa amezikwa miezi saba kabla ya hapo.

Mzee Hafiz, msimamizi wa ukumbi, mtoto wa Wazanzibari aliyezaliwa Deira, katika mji huu huu wa Kiarabu, aliwasha taa nyekundu, kwa kuwa sheria hairuhusu mtu kupita mbele ya silaha.

"Wewe kijana, huna hata vizibo vya masikio," alisema. "Njoo huku ujiandikishe."

Alimvalisha vizibo yeye mwenyewe, lakini havikumkaa. Vilipita kichwani vikaanguka sakafuni. Kwenye daftari la wageni pana nafasi ya namba ya kitambulisho. Mzee Hafiz alifikiri kidogo, akaandika: marehemu. Kisha akamwuliza ni mgeni wa nani.

"Wa dada yangu," Austine alisema, akimwonyesha Roselyne kwa kidevu.

Roselyne aliweka ufagio chini. Alimpenda mno mdogo wake huyu, na kwa miezi saba alikuwa amejiona mtu wa hovyo kwa kutomzika. Akampeleka chumba cha chai, akammegea chapati yake, akamkalisha mahali ambapo kiyoyozi hakimpigi. Wafu husikia baridi upesi.

"Nilitaka kuja," alisema. "Arbab, mwenye klabu, akakataa. Aliniambia msimu umeanza, khalas, hakuna ruhusa. Siku ya mazishi nilikuona kwa simu tu, nikiwa kitandani kwenye bweni letu huko Karama, na network ilikuwa inapotea."

"Najua. Ken wa kwaya yetu aliinua simu juu ya watu. Nilijua uko ndani."

Roselyne akalia, na Austine akamngoja amalize. Hakuwa na haraka ya kwenda popote.

Shati lake lilikuwa na tundu upande wa kushoto, dogo, safi, kama la kutobolea karatasi ofisini. Ripoti ya daktari ilieleza kwamba marehemu alilewa, akaangukia nondo ya ujenzi ya milimita nane. Austine alikuwa fundi mwashi na mwimbaji wa kwaya ambaye hakujua hata ladha ya bia. Mama yao, kila alipopiga simu, aliomba jambo moja tu: karatasi ile irekebishwe, mtoto wake asikae kwenye faili la serikali akiitwa mlevi.

"Ilikuwa nondo?" Roselyne aliuliza.

"Ilikuwa bastola, kama ile ya huyo madam wa njia ya nne. Mwenye ploti aliniambia nisogeze beacon ya mpaka iingie kwa shamba la jirani. Nikakataa. Akaitoa hapa kiunoni. Vile ilikuwa ndogo, nikadhani ni simu."

Austine alirudi kila Alhamisi, na Alhamisi ya tatu alianza kukohoa. Roselyne alimkinga kiganja chini ya kidevu na kumpiga mgongoni kwa mkono wa pili, kama alivyofanya zamani Austine alipopaliwa na mbegu ya pera akiwa na miaka minne. Risasi ikadondoka kiganjani. Ilikuwa bado na joto.

Mzee Hafiz aliifuta kwa kitambaa, akavaa miwani, akaibana kwenye kipimo.

"Nane, mwanangu," alisema. "Hichi kitu kimetoka kwenye bastola mfano wa Mpole. Nondo haiachi kitu tumboni mwa mtu."

Wakaipiga picha ikiwa imebanwa, tarakimu zikionekana vizuri. Mzee Hafiz akaandika barua ya kurasa mbili na kugonga muhuri. Kwenye fomu, palipoulizwa nani aliyetoa kielelezo, Roselyne alijaza: marehemu mwenyewe. Vyote vikatumwa nchini kwao, kwenye ofisi ya serikali inayohusika.

Jibu lilikuja baada ya wiki sita. Hakuna aliyehoji marehemu aliwezaje kutoa kielelezo. Ofisi hata ilimshukuru kwa ushirikiano wake. Kisha ikaeleza kwamba kielelezo kimelinganishwa na ripoti ya daktari. Ripoti ilitaja milimita nane, na kielelezo kimepimwa milimita nane. Kwa hiyo ripoti imethibitishwa na faili limefungwa.

Roselyne aliisoma barua mara mbili, halafu akampigia mama yake na kumsomea pia.

"Huyo mtoto anakula?" mama aliuliza.

"Anakula, mama."

"Basi mpatie chai ya maziwa. Ile ya rangi humsumbua."

Austine alikuwa ameketi kwenye benchi nyuma ya njia ya nne. Roselyne alitoa sindano na uzi wa buluu mfukoni mwa aproni, akalishona lile tundu, mishono mitatu. Alikuwa amelishona kila Alhamisi, na kila Alhamisi mishono ilikuwa imetoka.

Madam Lujain, mwanachama mpya, aliingia mapema siku hiyo. Alikuwa na wasiwasi, kwa sababu hakuwahi kushika silaha, akaomba apewe ile isiyotisha. Mzee Hafiz akaitoa kabatini. Roselyne akamvalisha madam vizibo vya masikio na kumwambia maneno aliyofundishwa kazini, kwamba hii ni pole na haiumizi mtu.

Kisha akarudi nyuma ya benchi, akamziba mdogo wake masikio kwa viganja viwili, akavishikilia hapo mpaka risasi kumi zikaisha.